Sahani ya Aliye Njiani

Jikoni kwetu Norsborg, huku Uswidi, miaka ile ya mwanzo wa elfu mbili, mama alifunika sahani mbili kila jioni. Moja ilikuwa yangu, kwa sababu nilikuwa nasafisha wodi za hospitali kule Flemingsberg zamu ya jioni, nikirudi mama ameshakula na kulala. Ya pili ilikuwa ya kaka yangu, aliyepotea vitani tulipoukimbia mji wetu wa Uvira, Kongo. Mama alimpakulia bugali na samaki, akageuza sahani nyingine juu yake, akaiacha mezani kana kwamba mwenyewe angeshuka basi la saa tatu. Kwetu ndivyo ilivyo. Mtu aliye njiani huwekewa fungu lake. Ukiacha kumwekea, umemzika.

Asubuhi sahani ile niliila mimi. Chakula hakitupwi, na mama hakuweza kuigusa. Niliipasha moto, nikala nimesimama, nikaiosha na kuirudisha kabatini kabla mama hajamaliza sala zake. Miaka miwili ya kwanza niliila kwa matumaini. Miaka mitatu iliyofuata niliila nikijua kwamba mwenyewe amekufa.

Nilijua kwa simu. Fundi baiskeli wa mtaa wetu wa zamani alinipigia kutoka kambini Tanzania, akaniambia alimzika kaka yangu kwa mikono yake kando ya barabara, kwa jembe la kuazima. Ili nisiwe na shaka akanitajia shati: la bluu, kola imeshonwa upya kwa uzi wa kijani. Kisha kadi yake ya simu ikaisha. Wiki hiyo mama alikuwa amelazwa, moyo unamsumbua. Nikasema nitamwambia akitoka. Akatoka, nikasema nitamwambia akipata nguvu. Akapata nguvu, na kitu cha kwanza alichofanya ni kwenda jikoni kufunika sahani. Nilikuwa mwoga, sina jina zuri zaidi la kujipa.

Mama alikuwa anasoma Kiswidi katika darasa la watu wazima. Kila siku alilalamika kwamba kichwa chake kimejaa, lakini hakukosa hata somo moja, maana pale aliketi na mama mmoja wa Kithai wa umri wake na walikuwa chanda na pete. Lugha ya pamoja hawakuwa nayo. Urafiki wao ulianzia kwenye friji za duka la vyakula vya Asia, mama akitafuta sombe, yale majani ya muhogo, ya barafu, yule akitafuta majani yake, wakabaki kubinyabinya samaki wakavu pamoja na kukunja nyuso kwa bei. Nilimwonea wivu kidogo. Na mimi mama hakuongea hivyo.

Majira ya kuchipua mwalimu aliamua wanafunzi wake watembelee nyumba za ibada za mji huu, na zamu ya Wabudha ilipofika, mwenyeji akawa yule mama wa Kithai. Mwalimu aliniomba niende nimtafsirie mama. Ilikuwa siku yangu pekee ya kupumzika. Nilikwenda nimenuna.

Nilitegemea paa la dhahabu. Tulikuta nyumba ya mbao ya njano mwisho wa njia ya basi, theluji chafu bado imelala pembeni mwa ua, na rundo la viatu mlangoni. Mama alivua vyake shingo upande.

"Mi nimekuja kuangalia tu," akaniambia. "Sikukuja kuabudu. Yesu anaona."

Akaubana kifuani mkoba wenye Biblia kama mtu aliyeambiwa kuna wezi.

Ziara yenyewe haikufika nusu saa. Yule mama alituonyesha sanamu kubwa ya dhahabu, maua, mishumaa, na mito ya kukalia. Akaeleza kwa Kiswidi chake cha kukatakata kwamba watawa hula asubuhi, na chakula cha mwisho lazima kiishe kabla ya saa sita mchana. Baada ya hapo ni vinywaji tu hadi kesho yake. Hawajipikii. Kila tonge wanalokula limeletwa na mtu, na anayeleta ndiye anayeshukuru.

"Yeye njo anashukuru?" mama akauliza nilipomtafsiria. "Na bale benye banakula?"

"Banamuombea."

"Banaume bazima hivi, na hakuna hata mumoja anajua kusonga bugali." Lakini macho yake yalikuwa kwenye masufuria.

Wanawake walikuwa wamepika tangu alfajiri. Kulikuwa na wali wa kunata kwenye vikapu vidogo, unaofinyangwa kwa vidole na kuchovywa kwenye mchuzi sawasawa na tunavyomega bugali. Kulikuwa na samaki wazima wa kuchoma waliopakwa chumvi nene, na papai bichi lililokuwa likipondwa na pilipili kwenye kinu. Kinu ndicho kilichomlainisha mama. Aliomba mchi, akatwanga mara tatu nne kwa fujo ya kwetu, wanawake wakacheka, naye akacheka. Mchungaji wetu alikuwa ametuonya juu ya chakula cha sanamu, na asubuhi mama alikuwa ameapa kutotia kitu mdomoni. Sasa alikuwa analamba kidole.

Watawa walipoimba dua zao, yule mama alimimina maji polepole kutoka kwenye chupa ndogo ya shaba hadi kwenye bakuli. Nilidhani ni tambiko la kunawa. Kisha akatupeleka chumba cha pembeni, kwenye rafu ya picha. Mbele ya picha ya kijana mmoja aliyeshika kofia ya pikipiki aliweka glasi ya maji, kijiko, na sahani ya wali na samaki. Akachukua sahani nyingine, akaigeuza juu ya ile ya kwanza.

Mama alisimama ghafla.

"Eh! Naye anamuwekea mutoto wake!"

Akamshika mwenzake mikono yote miwili na kumwagia Kiswahili kama mtu wa nyumba moja. "Mwenzangu, hukuniambia. Usichoke kumuwekea. Wangu ni mwaka ya tano, lakini atarudi. Bote batarudi." Akanigeukia, uso umechangamka. "Umuulize mutoto alikwenda wapi. Umuulize anarudi siku gani."

Nilitamani ardhi inimeze. Swali hilo sikuweza kulitamka, nikauliza tu mtoto alipatwa na nini. Yule mama aliitazama picha.

"Han är död," akasema. Amekufa. Pikipiki, mvua, nyumbani kwao. Akaongeza kwamba humletea chakula ili kimfikie huko aliko, na akishakiweka moyo wake hutulia kidogo.

Mama alikuwa bado ananisubiri, hajaiachia mikono ya mwenzake.

"Iko mbali," nikamwambia. "Hajui atarudi siku gani."

Uso wake ukazima.

"Död," akasema. "Hii neno mi naijua. Niliisikia kule hospitali, siku balifunika shuka mugonjwa ya kitanda ya pembeni." Akaiachia mikono ya mwenzake, akanigeukia. "Kama unanidanganya juu ya mutoto ya mwenzangu, juu ya wangu je?"

Uongo mwingine ulikuwa tayari mdomoni. Ulikuwa umekaa humo miaka mitatu na ulijua njia. Lakini nilichoka. Ile sahani ilikuwa pale imefunikwa, na kwa mara ya kwanza niliiona jinsi ilivyokuwa tangu ile simu: chakula cha maiti, na mimi ndiye niliyekuwa nakila asubuhi zote.

"Mama, twende inje," nikasema.

"Sema hapa."

Nikasema pale pale, nimesimama na soksi. Fundi baiskeli, kambi, barabara, jembe. Nilisema haraka na vibaya.

"Alivaa nini?" mama akauliza.

"Shati ya bluu. Kola imeshonwa na uzi ya kijani."

Akakaa chini sakafuni. Yeye ndiye aliyeishona kola ile, uzi wa bluu ulipomwishia. Hakuna mtu mwingine duniani ambaye angeweza kubishana na uzi ule, na yeye hakubishana.

"Ulijua siku gani?"

"Wakati ulikuwa mu hospitali."

"Miaka tatu."

"Ndiyo, mama."

"Na asubuhi ulikuwa unakulaka."

"Nilikuwa nakula."

"Na unajua."

"Ndiyo."

Hakulia. Nilijiandaa kwa yowe, maana kwetu kifo hupigiwa yowe na majirani hujua kazi yao, lakini hakukuwa na yowe, na hilo liliniogopesha zaidi. Mwalimu alichungulia na kuuliza kama mama anaumwa. Yule mama wa Kithai hakuuliza. Alikwenda kuchukua bakuli lake la maji, akamwinua mama kwa kiwiko, akamvalisha viatu. Wakatoka wawili. Niliwaona dirishani wakiyamwaga maji chini ya mti wa ua ule, mikono yote minne imeshika bakuli. Baadaye nilielezwa kwamba maji hayo ndiyo hupeleka mema kwa marehemu. Wakati ule nilichojua ni kwamba sikuitwa.

Kwenye treni mama alikaa kiti cha mbele yangu, akanipa mgongo hadi Norsborg.

Jumamosi tuliweka matanga. Walikuja Wakongomani na Warundi wa kanisani, wengine kutoka Hässelby, upande wa pili kabisa wa mji. Tulihamisha makochi, tukatandika magodoro sakafuni, tukapika sombe na ndagala, dagaa wa ziwani kwetu, kwa sufuria za kuazima. Wimbo ulipoanza, mama alilia hatimaye, sauti ikapita kuta zote, na Mswidi wa ghorofa ya chini akapanda kuuliza, akaelezwa, akashuka. Yule mama wa Kithai alikuja na kikapu cha wali wa kunata. Alivua viatu na kuketi godoroni karibu na mama siku nzima bila kuelewa neno. Watu walinipa pole, wakasema nilibeba mzigo mzito peke yangu. Mmoja alisema nilifanya vizuri kumhurumia mama. Mama alisikia, akaendelea kupakua. Alimpakulia kila mtu kwa mkono wake. Nilipofika mimi alinipa mwiko nijipakulie.

Matanga yalipokwisha nilirudi kazini. Usiku, njia nzima ya kurudi nyumbani ndani ya basi, nilijiambia kwamba hasira za mama ni moto wa mabua, hazikawii kuisha. Niliingia jikoni bila kuvua koti, nikakuta sahani moja imefunikwa. Furaha iliyonijaa siwezi kuieleza. Nilijua kwamba sahani ya kaka haitawekwa tena, basi hii ni yangu, basi nimesamehewa. Nikakaa, nikafunua. Bugali ulikuwa bado na joto, na samaki mkubwa na kichwa chake, kama alivyopenda kaka yangu. Hata hilo halikunigutua. Nikamega tonge.

Mama alikuwa mlangoni na kanga yake ya kulalia. Mkononi alikuwa na ile picha pekee tuliyotoka nayo Uvira, ya kaka yangu siku ya ubatizo. Akaisimamisha mezani mbele ya sahani, akaiegemeza kwenye kopo la chumvi.

"Hii ni ya kaka yako," akasema. "Ya kwako ulishakula, zile asubuhi yote."

Akarudi kulala. Nililirudisha tonge mahali pake, nikalisawazisha kwa kijiko, nikafunika sahani. Kisha nikatafuta mkate.