Samli Isiyo na Moshi

Nilifika Garissa nikiwa na sanduku la mbao, suruali tatu, na cheti kilichosema kwamba najua kunusa. Sitanii. Kule bara, katika chuo cha maziwa, tulifundishwa miezi mingi kutofautisha siagi njema na siagi mbovu, samli ya daraja la kwanza na samli ya daraja la tatu, na katika somo la harufu niliwapita wenzangu wote. Mama yangu alikwenda kanisani kutoa shukrani. Mwanawe alikuwa ameajiriwa na serikali kwa ajili ya pua yake.

Wenzangu walipangiwa Nakuru na Naivasha, penye baridi na maziwa ya kumwagika. Mimi nikapewa Garissa, na vita vya shifta, waasi waliotaka mkoa ule ujitenge na Kenya, vilikuwa vimepamba moto. Malori yaliingia mjini kwa msafara, askari mbele na askari nyuma. Ukivuka kizuizi bila kibali ulijitafutia makubwa. Wafugaji walikuwa wamekusanywa katika vijiji vilivyozungushiwa ua, na mifugo yao ikila karibu na ua huo mpaka nyasi zikaisha, kisha ikawa inazunguka tu penye vumbi. Ng'ombe walikufa wengi. Nalisema hili waziwazi sasa kwa sababu wakati ule sisi wenye mishahara tulikuwa tukilizungumza kwa kuzungukazunguka, kama watu wanaozungumzia ugonjwa wa jirani.

Hata hivyo samli ilikuwa bado inauzwa. Hilo lilinishangaza mno. Nilidhani vita vikija biashara hufunga milango, kumbe hubana tu matumbo na kuendelea. Kila Jumanne wanawake wa kijiji cha karibu waliletwa mjini na askari wawili, wakauza samli yao katika bohari ya mfanyabiashara mmoja Msomali, mtu mnene, mcheshi, aliyekulia Mombasa na kuzungumza Kiswahili kilichonitia aibu mimi wa bara. Yeye aliimimina katika madebe, akayafunga, yakaenda na msafara mpaka Mombasa, na kutoka Mombasa yakavuka bahari hadi Adeni. Kazi yangu ilikuwa kunusa kila debe kabla halijafungwa. Bila muhuri wangu halitoki nchini.

Mfanyabiashara huyo ndiye aliyenifundisha kwamba bei ya samli ya Garissa haitengenezwi Garissa. Alikuwa na binamu yake Adeni, na barua za binamu huyo zilisomwa pale bohari kwa heshima kuliko gazeti. Mwezi wa Ramadhani ukikaribia, bei ilipanda. Mahujaji wakiwa wengi Jeddah, ilipanda tena. Meli ikileta mafuta meupe ya mimea katika makopo yenye picha za maua, ilishuka. Migomo ikifunga bandari ya Adeni, nako kulikuwa na mabomu na vurugu zake siku hizo, ilikufa kabisa kwa wiki mbili. "Bwana mdogo," aliniambia, "yule mama pale ana ng'ombe mmoja, lakini anashindana na viwanda vya dunia nzima. Walahi, yeye mwenyewe hajui." Nilicheka. Nilidhani ni mzaha wa wafanyabiashara.

Yule mama aliyemwonyesha ndiye ninayetaka kusimulia habari zake.

Alikuwa mjane, mrefu, mwembamba, mwenye pengo la meno mawili ambalo hakulionea haya hata kidogo. Alikuwa akilea wajukuu watatu. Katika kundi zima la marehemu mumewe alibakiwa na ng'ombe mmoja tu wa maziwa, mwekundu, na alimzungumzia kama mtu anavyomzungumzia dada yake: leo amekasirika, leo amekula vizuri, leo hataki kuguswa. Samli ya ng'ombe huyo ndiyo iliyowapatia unga, majani ya chai na sukari. Samli ikikosa mnunuzi, hakuna jingine ila kumpeleka ng'ombe kwa mchinjaji, na baada ya hapo ni kungojea posho ya serikali. Aliniambia hayo yote siku ya kwanza tulipoonana, kabla hata sijajua jina lake, na kwa hiyo siwezi kujitetea kwamba sikujua.

Aliniita "hoyo." Nilipouliza maana yake nikaambiwa ni mama. Nikakasirika kidogo, nikadhani ananidhihaki, mpaka karani wa bohari aliponieleza kwamba kwao mama humwita mwanawe kwa jina lile lile analoitwa yeye. Tangu hapo nikawa naliitikia. Sikuwa na mtu mwingine wa kuniita kwa upole katika mji ule.

Sasa kosa langu. Aliyenitangulia katika kazi hiyo alikuwa akipitisha madebe yote bila kuinama. Nilimwona mvivu. Jumanne yangu ya kwanza niliinama, nikanusa, nikapigwa na moshi. Nikaenda kwa mama wa pili: moshi. Wa tatu: moshi. Kitabu changu kilisema wazi kwamba samli yenye harufu ya moshi ni samli iliyoharibika, imeungua au imepikiwa mahali pachafu, ni ya daraja la tatu, haisafirishwi nje. Yaani ikauzwe kwa mtengeneza sabuni.

Niliikataa yote. Halafu, kwa kuwa nilikuwa na miaka ishirini na mitatu na cheti, sikuishia hapo. Nikawapa somo.

Yule mjane alikuwa ameleta samli yake ndani ya haan, chombo cha kusukasukia maziwa ambacho wanawake wa kule hukisokota kwa nyuzi za mizizi, kikafumwa kwa kubanwa sana mpaka kisivuje. Chake kilikuwa cheusi kwa umri, kinang'aa kwa mafuta, kina mikanda ya ngozi. Mama yake alimfumia alipokuwa anaolewa. Kabla ya kutia maziwa huweka ndani yake kaa la moto la mti fulani, hufunika, hutikisa, moshi ukakolea kwenye nyuzi. Nilikinyanyua chombo hicho mbele ya wanawake wote, nikatia pua, nikakunja uso. Nikawaambia, karani akitafsiri, kwamba huu ni uchafu. Kuanzia leo vyombo vyote vioshwe kwa maji yanayochemka na sabuni, vianikwe juani, na moshi ukome.

Yule mama alinitazama kwa makini. "Hoyo, bila moshi hii maziwa itakufa," alisema.

"Haitakufa, mama. Ukiosha vizuri haitakufa."

"Ni serikali nasema?"

"Ndiyo. Ni serikali."

Akaitikia kwa kichwa taratibu, akafunga haan yake, akaibeba na samli yake ndani. "Haya. Kama serikali nasema, tutafanya."

Siku hiyo nilirudi chumbani kichwa kimevimba. Nikamwandikia mama yangu kwamba nawafundisha watu usafi.

Na kweli walinitii. Kidogo kidogo samli ikaanza kuja safi, haina harufu yoyote. Niliipiga mihuri kwa furaha. Mfanyabiashara aliguna mara moja mbili lakini hakubishana na muhuri wa serikali wakati wa vita; nani angethubutu? Mzigo ukajaa, ukaenda na msafara. Niliona pia kwamba yule mjane alikuwa analeta samli kidogo kila Jumanne, tena katika kopo la mafuta ya taa lililosuguliwa, si katika haan. Nikafikiri ni ukame. Sikumuuliza, na sijui kwa nini, kwa sababu mambo mengine yote nilikuwa namuuliza.

Barua ya Adeni ilifika baada ya miezi kama mitatu. Mfanyabiashara aliniita ofisini kwake, akafunga mlango, na ule ucheshi wote haukuwepo.

"Mzigo wetu umekaa bandarini," alisema. "Hakuna anayeutaka."

Binamu yake alikuwa ameandika kwa kirefu. Wanunuzi wa samli yetu kule ni wazee wa Hadhramaut na Wasomali wa Berbera, watu walionyweshwa samli ya nyika tangu utotoni. Wakifungua debe, kwanza hunusa. Safari hii walifungua, wakanusa, hawakukuta kitu. Wakasema haya ni mafuta ya kiwandani yaliyotiwa rangi. Mafuta ya kiwandani wanayo tele madukani, katika makopo mazuri, kwa bei ya chini kuliko yetu. Kwa nini wanunue yetu?

"Bwana mdogo," mfanyabiashara akasema, "kitu kimoja tu kilichotuweka hai katika soko lile ni moshi. Viwanda vyao vina kila kitu, lakini haviwezi kuutengeneza. Wewe umeuosha kwa sabuni."

Nilitoa kitabu changu, nikamfungulia ukurasa. Aliusoma wote, mstari kwa mstari, kwa adabu, kisha akanirudishia. "Kitabu hiki kimeandikwa na watu wanaokula samli ya nani?" aliuliza. Uso ulinishuka.

Sikulala vizuri siku hizo mpaka Jumanne. Nilikata shauri kupitisha samli ya moshi kwa kuandika tu kwamba ni matakwa ya mnunuzi. Mkubwa wangu bara angenifukuza, basi na anifukuze. Nilichotaka ni kumwambia yule mama. Nilimfikiria yeye kabla ya wengine. Nilijiona nikimpa habari njema, naye akicheka kwa lile pengo lake.

Walipofika niliwaambia, karani akatafsiri: rudieni moshi, kama zamani. Wanawake walitazamana, halafu wakaangua kicheko, kicheko cha watu waliochoka na upumbavu wa wengine lakini hawana kinyongo. Mmoja alisema maneno, karani akakataa kunitafsiria. Nikajua wengi wao walikuwa wameficha vyombo vyao vizuri, wakaniletea samli ya kwenye sufuria na kuendelea kufukiza haan zao kwa maziwa ya watoto. Walinitii mdomoni tu, na walifanya vyema.

Yule mjane hakucheka. Alikuwa ameketi pembeni na kopo lake.

"Mama," nilimwambia, "wiki ijayo lete na haan yako."

"Haan hakuna, hoyo."

Yeye alinitii kwa moyo wote. Siku ile ile ya somo langu alirudi kijijini, akachemsha maji aliyoteka kwa foleni, akatia sabuni aliyoazima, akamimina ndani ya haan ya mama yake. Nyuzi zilizobanwa kwa moshi na mafuta kwa miaka arobaini zikalegea zote. Alipoianika juani ikapasuka. Tangu hapo alikuwa anatia maziwa kwenye kopo, na kopo likipata joto la mchana maziwa yanaharibika kabla hayajasukwa. Wajukuu waliyanywa hivyo hivyo, matumbo yakawauma. Samli ikawa haba kwa sababu hiyo. Nyingine ya kufuma asingeipata: mizizi ile iko nje ya ua, mbali, na kufuma ni kazi ya miezi.

Mfanyabiashara alinusa kopo lake, akanitazama mimi, akatikisa kichwa. Hakuwa mtu mbaya. Tayari alikuwa na mzigo mzima wa samli ya namna ile usiouzika. Niliinunua mimi mwenyewe, nikala na ugali mwezi mzima, na haikusaidia kitu, kwa sababu samli ya kopo moja haifumi haan. Jumatatu iliyofuata yule ng'ombe mwekundu alipelekwa kwa mchinjaji.

Jumanne yake yule mama alikuja na wenzake, ingawa hakuwa na cha kuuza. Nadhani alikuja kwa mazoea. Nilitoka bohari kumfuata, nimejiandaa kumwambia mbele ya watu wote kwamba kosa ni langu, si la serikali, ni langu mimi. Kabla sijafungua kinywa alinishika mkono akanivuta kando ya ukuta.

"Usiseme kitu, hoyo," alininong'oneza. "Wakubwa wako bara wakisikia, wanakufukuza. Wewe ni mtoto wa watu, mama yako nangoja mshahara. Mimi nitasema haan ilikuwa mzee."

Akarudi kwa wenzake. Walikuwa wanamsikitikia ng'ombe, wanamsikitikia yeye, na mmoja wao, mwenye sauti kali, akamwuliza kwa Kiswahili, makusudi, ili nisikie: nani aliharibu hii haan yako? Yule mama akajibu kwa Kiswahili pia, kwa sauti ya juu, bila kunitazama, kwamba hakuna mtu aliyeiharibu, ilikuwa mzee tu, hata mama yake alishasema kwamba imezeeka.

Nilikuwa nimesimama hatua tatu kutoka pale. Walinigeukia wote, wakangoja. Nikanyamaza.