Siku Reli Ilipong'olewa

Kila nikipita kwa fundi baiskeli na kunusa grisi iliyopigwa jua, nakuwa tena msichana mdogo pale stesheni yetu, kwenye njia ya reli iliyotoka Manyoni.

Baba alikuwa amepanda garimoshi kwenda kukata mkonge, na hakuwa amerudi bado. Kila siku ya garimoshi kufika, mama alioga, akavaa vizuri, tukaenda kumpokea. Siku hiyo tulikuta wanaume wanang'oa reli na kuzipakia kwenye behewa.

"Mama, gari halitakuja tena," msimamizi wao alisema. "Serikali imeifunga njia hii."

"Na waliokwenda nalo, watarudi na nini?"

Yule bwana alivua kofia, akarudi kwa wenzake.

Tulikaa kwenye benchi mpaka wale watu wakaondoka. Kisha mama akaanza kutembea peke yake kuelekea Manyoni, juu ya kokoto zenye joto, akifuata alama zilizoachwa na mataruma yaliyokuwa yamelazwa chini ya reli. Nilimwita mara mbili. Mara ya tatu nililia, naye akasimama kwa muda mrefu kabla ya kugeuka.

Nilikuwa mkubwa wa kutosha kutembea mwenyewe, lakini alinibeba mgongoni mpaka tukafika nyumbani.