Nimehamishwa Chumba kwa Kusumbua Wageni

Wageni gani, jamani?

Niko Ikonge kikazi, hoteli mpya ya ghorofa nne, na sijaona mgeni mwingine wiki nzima. Upweke umenifanya nianze kujiongelesha kwa sauti.

Leo mchana nikasikia mtu akibwabwaja chumba cha pili. Nikapigia simu mapokezi: "Dada, jirani yangu anaongea peke yake. Naogopa."

"Pole sana, tutamhamisha."

Mara hodi mlangoni kwangu. Ni yule dada wa mapokezi.

"Samahani, kuna mgeni amelalamika juu yako."

"Mgeni yupi?"

Akanitazama kwa huruma. "Wewe. Hoteli nzima uko peke yako. Hizi kuta zina mwangwi."

Nikabeba begi, nikamfuata.

Sasa niko ghorofa ya juu, mdomo nimefunga kabisa.

Lakini kuna mtu anacheka chumba cha pili.

Nipige simu tena ama ninyamaze?