Nisulubisheni Jumapili

Nilimfanya diwani wetu awaombe watu wamsulubishe. Naanza na hilo, maana kila anayesimulia habari hii humtaja mtu mwingine.

Nilikuwa darasa la sita, uchaguzi umekaribia, na diwani alikuwa bado diwani: mtu wa mtaa wa Hjulsta, huku Uswidi, kama sisi, anakaa jengo la tatu kutoka letu, anapanda treni kwenda kwenye vikao vya jiji na mkoba wa ngozi ambao mimi na wenzangu tuliapa hauna kitu ndani isipokuwa mkate. Waswidi, hata watoto wao, walimwita kwa jina lake la kwanza. Sisi tulimwita Mheshimiwa, na ukisahau alikuwa hasikii. Alikuja mkimbizi kama mama yangu, akajifunza lugha, akaingia chama, na kila Jumapili alisali mara mbili, asubuhi kwa Wakongo, mchana kwetu Warundi. Kote alikula.

Mama alimwamini, tena alikuwa na sababu. Kazi yake ilikuwa kwenye nyumba ya wazee kule Sundbyberg, kuogesha na kulisha, lakini alichokitaka maishani ni kuwa mkalimani. Akae katikati ya daktari na mgonjwa, asiachie neno lidondoke. Majirani walikuwa wakimwita awatafsirie hivyo hivyo bila cheti, na alikuwa haendi kliniki bila kuvaa blauzi yake ya pasi. Mheshimiwa akamwahidi barua ya kumpendekeza kwenye kozi. "Dada, tuvuke uchaguzi huu tu. Barua yako ndiyo ya kwanza." Mama, ili Mheshimiwa aione kazi yake, akajitolea kumtafsiria karatasi ya kampeni kwa Kiswahili.

Sasa, huku unapopiga kura, na kura ni Jumapili, unachukua karatasi yenye orodha ya watu wa chama, na kama kuna unayemtaka zaidi unaweka X mbele ya jina lake. Hiyo X wanaiita kryss. Karatasi ya Mheshimiwa iliishia na maneno mawili makubwa: Kryssa mig. Mama alinitamkia tafsiri akiwa jikoni anakaanga ndizi, mimi nachapa kwenye kompyuta. Pale mwisho akakwama.

"Niwekeeni msalaba... hapana, huo ni wa kaburini. Nipigieni mkato... mkato gani sasa, mimi ni mboga?" Akageuza ndizi, akafikiri. "Andika hivi: Niwekeeni alama ya X."

Kiswahili safi, mtoto angeelewa. Nikaandika. Alipoingia kuoga nikafuta, nikaandika: Ndugu zangu, nisulubisheni Jumapili.

Nilicheka peke yangu mpaka nikashika mbavu. Nia yangu ilikuwa kumwonyesha rafiki yangu mmoja, kisha nirudishe. Mama akatoka bafuni na taulo kichwani, akauliza, "Umeshatuma?" Na mimi, badala ya kusema bado, nikabonyeza.

Zikachapwa. Zikagawiwa kanisani Jakobsberg baada ya ibada, watu wakiwa na chai mkononi. Mzee mmoja wa kwaya akavaa miwani, akasoma, akavua, akaifuta, akavaa tena.

"Mheshimiwa," akasema kwa sauti yake ya besi, "kwa kosa gani?"

Mkongo mmoja aliyekuwa mgeni akadakia, "Mon Dieu! Na misumari tuje nayo wenyewe?"

Ukumbi ukapasuka. Watu walicheka wakamwaga chai. Nilikuwa nyuma karibu na makoti, najiona bingwa wa dunia, mpaka nikamsikia mama mmoja Mtanzania akisema, tena bila kunong'ona, "Si ndiyo Kiswahili cha Bujumbura hicho!"

Neno hilo mama alikuwa ameambiwa miaka yote. Watanzania walimwambia wakicheka, Wakenya wakamwambia wakiwa na Kiswahili chao wenyewe cha kuombea maji. Alikuwa analipuuza kwa sababu alijua halina ukweli. Siku ile Mheshimiwa akainua karatasi, meno yote nje, macho hayacheki hata kidogo, akauliza kana kwamba hajui, "Nani katutafsiria?"

Mama akasimama. "Ni mimi."

Kwenye treni ya kurudi aliniuliza taratibu, "Kweli nilisema hivyo?" Alikuwa amejaribu maneno mengi jikoni, hakukumbuka yote. Nikamjibu kwa Kiswidi, kama tunavyojibu wazazi sisi watoto wa huku, kwamba ndivyo alivyosema, nilisikia vizuri. Nilikishukuru Kiswidi siku hiyo. Kumdanganya mama kwa lugha yake, akiwa amekutazama, sikuwa na uso wa namna hiyo.

Mheshimiwa akapita. Mama alipomkumbusha barua, alimshika bega. "Dada, kwanza tukiimarishe Kiswahili. Ukalimani si mchezo."

Na mama akakubali! Hilo ndilo linaloniwasha mpaka leo. Akaazima kamusi maktaba, akawa anasoma maneno anayoyajua tangu utoto. Akizungumza na Mkenya, anaanza na "samahani kwa Kiswahili changu." Jirani mmoja mjamzito akaja kumwomba amsindikize kliniki, kama alivyomsindikiza kwa mtoto wa kwanza. Mama akamwambia mlangoni, "Mtafute mwenye lugha, mdogo wangu. Mimi nitakuharibia." Mimi nilikuwa sebuleni nacheza mchezo wa kompyuta. Nilikuwa nashinda.

Mheshimiwa naye alipanda. Kamati ya hiki, kamati ya kile, suti ikabadilika, kisha uchaguzi uliofuata akaingia bungeni. Akahama Hjulsta, akahamia mjini kati. Simu yake ikaanza kupokewa na msichana mwenye sauti ya upole aliyeandika ujumbe wako na kukutakia siku njema. Makanisa yakapata kadi ya Krismasi.

Lakini ile hadithi alihama nayo. Aliisimulia gazetini alipokuwa akieleza kwa nini wakalimani wabanwe kwa mitihani migumu zaidi: kwamba mama mmoja wa kwao, mtu mwema sana, ila shule ndogo, aliwahi kumwombea msalaba badala ya kura. Mfanyakazi mwenzake mama alilisoma gazeti hilo kwa sauti, saa ya kahawa, pale nyumba ya wazee. Mama alituambia mezani kwamba alicheka pamoja nao. Alituambia hivyo tu, akaomba apewe chumvi.

Mwaka huu darasa letu lilikwenda kutembelea bunge. Bahati yangu, aliyetupokea ni yeye. Mwalimu akamwuliza alianzaje siasa, na mimi nikajua inakuja. Ikaja. Sasa ilikuwa imenenepa: mama alikuwa na mtoto mgongoni, alikuwa hajui kusoma, alikuwa analia. Darasa lilicheka sana. Anajua kusimulia, simnyimi haki yake.

Nikanyoosha mkono. Walinitazama wakisubiri kichekesho, maana huwa sinyooshi kwa jambo jingine. Nikasema kwa Kiswidi kwamba ni mimi. Kwamba mama alitafsiri sawasawa, mimi nikabadilisha, na mama anasoma lugha nne.

Akanitazama vizuri. "Wewe si wa yule dada wa Hjulsta?" aliuliza kwa Kiswahili. Kisha akatabasamu, akaendelea kwa Kiswahili hicho hicho, mwalimu wetu anaitikia kwa kichwa, kwa heshima, bila kuelewa neno, "Kaa, kijana. Inanoga zaidi akiwa mama." Tukapigwa picha naye kwenye ngazi.

Nilifika nyumbani, mama akiwa ndiyo kwanza anavua viatu. Sikusubiri akae. Nikamwambia yote, kwa Kiswahili, kibovu na cha kugugumia: nilichoandika, nilivyomdanganya kwenye treni, nilivyosema mbele ya darasa zima, alivyonijibu yule. Nilitegemea kofi, au basi amkasirikie yule mbunge.

Alikaa kwenye kile kibenchi cha viatu, kiatu kimoja mguuni, akasema, "Miaka mitano naomba radhi kwa mdomo wangu mwenyewe. Na mtu wa kwanza uliyemwambia ukweli ni yeye."