Njia Ambayo Wenzangu Hawakuichora

Wiki iliyopita, hapa Mpanda nilikopanga chumba, mama mwenye nyumba alimwaga makapi ya chai ya moto kwenye shina la mgomba nyuma ya bafu. Mvua ilikuwa imetoka kunyesha. Ile harufu ya chai, udongo uliolowa na majani ya mgomba ilinikuta na mswaki mdomoni, nikasahau kutema. Mimi ni mtu wa kuhamahama. Nimekaa miji mingi, na mingine niliisahau kabla basi halijatoka stendi. Darajani sijaisahau.

Tulifika huko nikiwa na miaka kumi, baada ya siku nne za safari. Baba, fundi mitambo, alikuwa amepata kazi kwenye kiwanda cha chai huko Rungwe. Sisi tulikuwa watu wa Singida vijijini, kule ambako mto ni mchanga, na maji unayachimba. Tulilala Dodoma, tukalala Iringa, tukalala Mbeya, muda wote mama amempakata kuku wake mwekundu ambaye aliapa hataachana naye. Kadiri tulivyokwenda ndivyo nguo zilivyoongezeka mwilini. Tulipopita Tukuyu ukungu ulikuwa mzito, nikauona mji mzima kama taa tatu na mwamvuli mmoja. Lori la kiwanda likatuteremsha bondeni, upande wa kwenda Suma, penye daraja la mawe. Chini yake maji yalikuwa yananguruma, na ilikuwa kiangazi. Mama alishuka, akayatazama kwa muda mrefu, kisha akamuuliza baba, "Haya maji yote ni ya nani?"

Darajani ilikuwa senta ndogo iliyokaa kwenye kiwiko cha mto. Ng'ambo ya kulia kulikuwa na kanisa, shule na banda la kupimia majani ya chai. Ng'ambo ya kushoto kulikuwa na maduka manne, mashine ya kusaga, na nyumba zilizofichwa na migomba hadi ukazijua kwa moshi tu. Juu ya yote ulikaa mlima Rungwe, siku ukijisikia kuonekana. Mvua ikinyesha kule juu, sisi huku tuna jua, mto hubadilika rangi ukawa kama chai ya maziwa, na kila mtu huondoa nguo zake kwenye mawe.

Tulipokuwa darasa la tano, mwalimu alitupa kazi ya wiki mbili: kila mmoja aandike historia ya Darajani na achore ramani yake. Kwa historia, wote tulikwenda kwa Mzee Ambakisye, babu yake Tumpe, msichana niliyekaa naye dawati moja. Mzee alikuwa na mguu mbovu, koti la mvua la kijani alilolivaa hata jua likiwaka, na fimbo ndefu ya mwanzi. Yeye alihesabu historia kwa madaraja.

"La kwanza lilikuwa gogo. Mto ukalichukua. La pili wazee wetu walisuka kwa mianzi. Mto ukalichukua. Hili la mawe Wajerumani waliwabebesha baba zetu mawe mpaka wakaota vibiongo." Akatema mate pembeni. "Mto bado unalifikiria."

Historia tuliandika wote sawasawa. Kwenye ramani ndipo nilipotaka kuwashinda. Mimi ndiye mgeni, niliyeitwa mtoto wa mchangani, niliyeteleza kwenye tope kila siku wenzangu wakicheka. Kwa wiki mbili nilitembea kila kichochoro, nikahesabu hatua. Nikachora daraja, kanisa, mashine, mawe ya kufulia, hata choo cha mwalimu. Na nikachora njia nyembamba iliyotoka nyuma ya nyumba za ukoo wa Mzee Ambakisye, ikapita katikati ya migomba na kushuka mtoni, karibu nusu ya urefu wa barabara.

Tumpe aliikagua, akaweka kidole pale pale.

"Ugwe, wewe, hii umeichora ya nini?"

"Si ipo?"

"Ipo. Lakini haichorwi."

"Una wivu," nikamwambia. Alinyanyua mabega, akarudi kwenye ramani yake, ambayo ilikuwa na barabara moja na mlima mkubwa kuliko daraja.

Mwalimu aliisifu ramani yangu mbele ya darasa. Kesho yake kabla haijabandikwa ukutani niliikimbiza kwa Mzee Ambakisye, kumwonyesha. Ilikuwa inaniuma kumwona kila asubuhi akiuburuza mguu wake kuzunguka barabara nzima kwenda kunawa mtoni.

"Babu, pita hapa," nikasema. "Utafika upesi."

Aliitazama karatasi, akanitazama. Leo nadhani macho yake hayakuiona vizuri ile mistari, au alidhani ni njia mpya ya watu wa chai. Alisema, "Ndaga fijo," ahsante sana, na mimi nikarudi nyumbani nimejaa kama kibuyu.

Asubuhi iliyofuata nilimfuata kwa nyuma, nione ramani yangu ikifanya kazi. Alishuka polepole kwa fimbo. Tulifika pale njia inapobanwa, ukingo wa udongo mkono wa kushoto, mto mkono wa kulia. Kutoka chini alikuwa anapanda Mama Tumpe, mke wa mtoto wake, ndoo kichwani na mimba ya kukaribia kujifungua.

Kwa Wanyakyusa wa wakati ule, mwanamke aliyeolewa hakutani na baba mkwe wake. Hamwangalii, hasemi naye, wala hapiti anapopita. Ni heshima, na ilishikwa barabara. Ile njia waliikanyaga wanawake wa ukoo ule kizazi hadi kizazi ili wachote maji bila kumkuta mzee barabarani, na mzee mwenyewe hakuwahi kuikanyaga. Mimi sikulijua hilo. Mama Tumpe alipoinua macho na kuliona lile koti la kijani, aligeuka upande pekee ambao mzee hakuwepo. Upande huo ulikuwa mto.

Ndoo ilitangulia. Yeye alishika mzizi, maji yakimfika kifuani na kuvivuta vitenge vyake.

Mzee Ambakisye alilivuta koti akajifunika kichwa chote. Akageuka. Halafu akaanza kushuka mtoni kinyumenyume, akipapasa mawe kwa ule mguu mbovu, mpaka maji yakamfika kiunoni. Akaipitisha fimbo nyuma ya mgongo wake.

"Kijana!" aliita kutoka ndani ya koti. "Mwambie ashike!"

Mama Tumpe alikuwa hatua tatu kutoka kwake. Alisikia kama nilivyosikia. Lakini nikapaza sauti, "Mama Tumpe, babu anasema ushike!"

"Mwambie nimeshika."

"Babu, ameshika!"

"Mwambie asiachie, hata nikianguka."

"Mama Tumpe, usiachie!"

"Mwambie mtoto wake hakuoa mke wa kuachia," alisema Mama Tumpe, meno yakigongana. Nikayapeleka na hayo. Ndani ya koti nilisikia kitu kama kicheko.

Alimvuta hatua kwa hatua hadi ukingoni, akaiacha fimbo mikononi mwake, akapanda kwenda zake akichechemea bila kugeuka. Wanawake waliosikia sauti yangu walimfunika Mama Tumpe kwa kanga, wakamkokota nyumbani. Hakuna aliyenitazama.

Jioni nilimweleza baba yote. Sikuchapwa. Alisema, "Mwaka haujaisha tangu tufike, na tayari unawaonyesha wenyeji njia." Mama aliingia jikoni akatoka na yule kuku mwekundu wa Singida, akampa baba. Tukaenda kuomba radhi. Mzee alimpokea kuku, akampima mkononi. "Huyu ametembea kuliko mimi," alisema. "Mpelekeeni yule wa mtoni. Atahitaji mchuzi."

Wiki tatu zilizofuata sikula vizuri. Niliwasikia wanawake mtoni wakisema mtoto aliyeshtuliwa tumboni anaweza asiishi. Niliiomba ramani kwa mwalimu, nikaikwangua ile njia kwa wembe hadi karatasi ikatoboka. Tumpe alikaa pembeni yangu bila kunisemesha, nami sikuthubutu kuuliza.

Jumatatu moja alichelewa kuhesabiwa namba ya asubuhi shuleni. Alikuja mbio, magoti yamejaa tope, akajibwaga kwenye dawati.

"Mama amejifungua. Wa kiume. Analia kama mashine ya kusaga."

Nililala juu ya daftari nikalia, mpaka mwalimu akadhani nimepigwa. Tumpe alinisogezea kipande cha ndizi ya kuchoma kutoka mfukoni mwake. "Basi, mtoto wa mchangani," alisema. "Kula."

Miaka mingi niliamini kwamba mzee alikuwa mkaidi, kwamba mtu akizama unamtazama usoni na kumpa mkono. Nilipokua, nikaoa, nikawa na wakwe wa kuwaogopa, ndipo nilipomwelewa. Aliingia mtoni bila kuona anapokanyaga, na mguu ule, ili mke wa mwanawe atoke akiwa mzima na heshima yake ikiwa nzima. Nimeelewa pia kwamba wenzangu darasani waliijua njia ile kuliko mimi, na hakuna hata mmoja aliyeisahau. Waliiacha.

Tuliondoka Darajani baada ya miaka mitatu, baba alipopata kazi Tanga. Sijarudi tena. Asubuhi ile ukungu ulikuwa umenyanyuka. Lori lilipopanda darajani nilisimama nyuma, juu ya magodoro. Mzee Ambakisye alikuwa amekaa kwenye ukuta wa daraja, fimbo mpya mapajani, akitupungia mkono. Nyuma yake, kule chini inakoishia ile njia, alisimama Mama Tumpe na mtoto mgongoni, ameegemea fimbo ndefu ya mwanzi. Naye alikuwa anapunga. Mzee hakugeuka, wala yeye hakuinua macho kufika pale ukutani, na mimi nikawapungia wote wawili kwa mkono mmoja.