Shahidi Aliyetikisa Kichwa

Pale masijala ya mahakama walimwita Mama Muhuri, na jina likamkaa. Kwa miaka ishirini na sita aliketi mbele ya meza ya hakimu akiandika kesi, na hakuandika maneno tu. Shahidi akilia, aliandika kwenye mabano kwamba amelia. Akinyamaza, aliandika amenyamaza. Mawakili walimtania kuwa iko siku ataandika hata hakimu akisinzia. Aliwajibu kuwa alishaandika zamani, ila wao hawasomi.

Kisha ukaletwa mtambo: vipaza sauti vinne, kompyuta moja, na kesi inajiandika yenyewe kabla watu hawajainuka. Kazi yake ikabaki kusikiliza sauti upya, kuilinganisha na maandishi, na kugonga muhuri. Mwanzoni alisikiliza neno kwa neno. Lakini majalada yalimiminika, na mtambo ulionekana haukosei hata nukta, basi akaanza kugonga tu. Wenzake nao waligonga tu. Tusidanganyane, hata mimi na wewe tungegonga.

Kila Jumatatu mama mmoja alifika dirishani. Mwanawe alifungwa miaka saba kwa kuvunja duka, naye alitaka nakala ya mwenendo wa kesi ili akate rufaa.

"Bado, dada?"

"Bado, mama. Njoo Jumatatu."

Jumatatu moja nakala ilikuwa tayari. Mama Muhuri aliifungua akague kurasa, na jicho likaangukia hapa: mwendesha mashtaka anamuuliza mlinzi wa duka kama aliyemwona ni huyu kijana, na shahidi anajibu, "Ndiyo."

Aliusoma mstari ule tena. Siku ile alikuwemo ukumbini. Yule mlinzi alimtazama kijana kwa muda mrefu, akatikisa kichwa kukataa, hakutoa hata neno. "Ndiyo" ilitoka kwa askari aliyesimama kando yake, pale hakimu alipogeuka kumuuliza kama feni imeharibika. Swali la feni kipaza sauti hakikulinasa, jibu kikalinasa, na mtambo ukambandikia shahidi. Kijana hakuwa na wakili wa kugundua. Hakimu aliyeona kwa macho alihamishwa, na aliyekuja kutoa hukumu alisoma karatasi. Karatasi yenye muhuri wake yeye.

Alivaa vidude vya masikioni, akaisikiliza sauti mara tatu. Ilikuwa ya askari, nzito, wala haikufanana na ya yule mlinzi.

"Bado, dada?" mama aliuliza dirishani.

Jalada lilikuwa chini ya kiganja chake. "Bado, mama," alisema, na aibu ikampanda hadi masikioni.

Karani mwenzake, shoga yake wa siku nyingi, aliposimuliwa, alimvuta pembeni.

"Umebakiza miezi mitatu ustaafu. Ukisema uligonga bila kusikiliza, wanakufukuza, na kiinua mgongo chako ndiyo basi tena. Shoga, kaa kimya."

"Mtoto wa watu yuko ndani."

"Na wewe una wako."

Wiki nzima alitafuta wa kumlaumu. Alimchukia askari, akaichukia feni, akauchukia mtambo. Mwisho alibaki na mtu mmoja tu wa kumchukia, naye alimwona kila alipojitazama kwenye kioo. Ijumaa aliandika barua kwa hakimu mfawidhi, akaipeleka mwenyewe.

Jumatatu aliitwa ukumbini, akapanda kizimbani alikozoea kuwaona wengine. Mama wa kijana aliketi benchi la nyuma, mkoba mapajani. Taa ndogo ya mtambo ilikuwa inawaka.

"Kabla ya kugonga muhuri," hakimu aliuliza, "ulisikiliza sauti kama utaratibu unavyotaka?"

Alitikisa kichwa.

Hakimu aliinamisha macho kwenye faili lake, akafungua ukurasa mwingine. Kwenye skrini, chini ya swali, palikuwa patupu. Mama Muhuri alipatazama, akamtazama mama aliyekaa nyuma, kisha akakisogelea kipaza sauti.

"Hapana, mheshimiwa," alisema kwa sauti. "Sikusikiliza."