Ramani ya Godoro la Sponji

Kila kulipokucha, kabla hajamsalimu mtu, Stamili alipapasa godoro. Alianzia upande wa ukutani alikolala mwanawe Rahima, akaja katikati, akamalizia upande wa mlangoni alikolala mumewe, mjomba wangu Alfani. Alipapasa kwa kiganja, halafu kwa mgongo wa mkono, maana kiganja kilichozoea jembe hudanganyika. Likiwa kavu, alitandika. Likiwa bichi, aliniita kwa sauti ya chini, "Njoo tushike." Nilikuwa nalala kwa bibi, nyumba ya pili uani hapo hapo, na shule niliishia darasa la nne, kwa hiyo asubuhi nilikuwepo siku zote. Tulilipitisha mlangoni kwa ubavu, tukaliegemeza kwenye ua wa mianzi, lielekee jua linakotokea.

Lilikuwa godoro la sponji, la kwanza katika kitongoji chetu hapa Mkunya. Wengine tulilalia mkeka, na wenye nafasi godoro la sufi. Mjomba alikuwa ameishi Chiwata, kwao Stamili, tangu alipooa. Kwetu ndivyo ilivyo, mwanamume humfuata mke. Lakini miaka hii ya ruksa, wanunuzi binafsi wa korosho walipoanza kupanda huku juu na malori yao, mjomba akaona riziki imehamia kwao. Akarudi Mkunya kufungua kibanda cha duka. Watu walidhani atamwacha mke Chiwata awe anamtembelea. Akaja naye, na mtoto, na godoro juu ya lori la Masasi limefungwa kamba kama mbuzi wa sikukuu.

Mama mdogo Bimdogo, dada yake mjomba, alilikalia godoro akaruka-ruka, akasema, "Kaka yangu sasa atalala kama Mzungu." Halafu akamtazama Stamili. "Na wewe huna kwenu mpaka uje kubanana kwetu?"

Tangu siku ile Rahima akimwamkia, "Shikamoo, shangazi," mama mdogo alikuwa anaangalia kuku.

Ramani zilianza msimu wa mabibo, matunda ya mkorosho yanapoiva. Mtu akikojoa kitandani, wenyewe tunasema kachora ramani, na kweli lile doa lilikuwa na kingo, na ghuba, na visiwa. Stamili alijua kulitoa. Mama yake alikuwa mshonaji wa magodoro ya sufi, akamfundisha kwamba godoro halisuguliwi, maana ukisugua unakishindilia ndani kilichomwagika. Alikandamiza kitambaa kikavu, akakiinua, akakandamiza kingine. Sabuni aliikoroga kwenye bakuli la maji kidogo mpaka ifanye povu, akachota povu peke yake, maji akayaacha. Baada ya povu, ndimu na chumvi. Mwisho alinyunyiza unga wa muhogo ukanywa ubichi uliobaki, akaupangusa kwa ufagio wa chelewa jua likiwa kali.

"Maji hayaingii kwenye sponji," alikuwa akiniambia. "Yakiingia hayatoki. Litaoza ndani, nje unaona zuri."

Tena huku juu nani ana maji ya kumwagia godoro? Maji yetu ni ya kushuka bondeni na kupanda na ndoo kichwani mpaka magoti yatetemeke, au ya kusubiri mashine ya bomba ipate dizeli. Stamili alisafisha godoro zima kwa maji ambayo mtu angenawia uso.

Mama mdogo hakuliona hilo. Aliona unga.

"Watu wanalala njaa, kumbe kwa kaka yangu godoro nalo linakula ugali!" Alisema kwa sauti ya kuwafikia majirani. "Haya, mama Rahima, leo mwanao katuchorea nchi gani? Mbona hii ni Msumbiji, na Ruvuma yake ile pale inapita?"

"Asubuhi njema, wifi," Stamili alijibu, akaendelea kukandamiza.

"Asubuhi njema itoke wapi kwenye nyumba inayonuka?"

Watoto wa jirani wakacheka. Rahima, ana miaka sita hivi, akaingia nyuma ya mlango. Wakaanza kumwita Kikojozi hata njiani. Mama mdogo akampiga marufuku mabibo, akampiga marufuku maji tangu alasiri. Mtoto alikuwa analala midomo imekauka, na asubuhi ramani ipo palepale.

Ipo wapi? Mimi ndiye niliyekuwa nashika upande wa ukutani. Upande wa Rahima ulikuwa mkavu kila siku. Ubichi ulianzia katikati ukaenda mlangoni, na ukiinamia ulisikia harufu ya uraka, ile pombe ya mabibo. Mjomba alikuwa mtu wa kofia na msikiti, hata muadhini akiugua aliadhini yeye. Lakini jioni alipitia kwa Nikolao, kule mikoroshoni, kwenye mitungi. Alirudi kimya, akalala kama gogo.

Siku moja nilimwambia Stamili, "Mkazamjomba, huku kwa Rahima mbona pakavu?"

Alininyooshea kidole chenye povu. "Nilifundwa unyagoni, na wewe utafundwa. Ya kitandani hayatoki mlangoni. Shika vizuri, lisiguse chini."

Nikashika.

Angeendelea hivyo, nadhani, msimu mzima. Ila mama mdogo akatangaza uani, bibi yupo, mjomba yupo, kwamba ramani nyingine ikionekana, Rahima atavikwa foronya ya godoro kichwani na watoto watamtembeza na makopo mpaka kwenye bomba, siku mashine inapowaka. Siku hiyo Mkunya nzima iko pale na ndoo. Mtoto akishatembezwa hivyo, jina halimtoki. Kuna bibi mmoja hapa ana wajukuu, bado watu wakimtaja wanaongeza "yule wa foronya".

Jioni ile Stamili alimfuata mumewe dukani. Nilikuwa nimetumwa kiberiti.

"Baba Rahima, mzuie dada yako."

"Nimwambie nini?"

"Unajua cha kumwambia."

Mjomba alipanga sabuni kwenye rafu, mche juu ya mche. "Maneno ya wanawake hayo," alisema. "Mimi nina duka."

Stamili akamchukua Rahima, akamleta kwa bibi alale nami mkekani.

Asubuhi mashine ya bomba ilisikika ikikohoa, halafu ikashika. Mama mdogo akaja na watoto wake na wa jirani, na makopo. Godoro lilikuwa tayari uani, na doa katikati yake kubwa kuliko yote niliyowahi kuyaona. Stamili alikuwa amepiga magoti, bakuli la povu pembeni.

"Yuko wapi kikojozi wetu?"

"Rahima kalala kwa mama tangu jana," Stamili alisema.

"Kalala hapa," bibi alijibu kutoka mlangoni kwake, "na mkeka wangu mkavu."

Kopo moja likagonga, likanyamaza. Watu wote tukamtazama mjomba. Alikuwa amesimama kizingitini, kofia kichwani, mswaki wa mti mdomoni.

Stamili hakuinuka. "Baba Rahima," alisema polepole, kama anavyosema mtu anayempa mwenzake nafasi ya kupita. "Sema wewe."

Mjomba alitema mate pembeni. "Basi ni wewe," alisema.

Mama mdogo alipiga makofi. "Yarabi! Mama mtu mzima! Kumbe tumemwonea mtoto bure, kikojozi ni mama mtu!" Watoto wakapokea, makopo yakaanza.

Stamili alikausha mikono kwenye kanga. Alilishusha godoro likalala chali kwenye mchanga. Akaingia ndani, akatoka na ndoo ya maji ya kutawadhia ya mjomba, imejaa, akaimimina yote katikati ya doa. Akarudi, akatoka na ya pili.

"Maji, jamani! Maji!" bibi alilia.

Sponji ilikunywa bila kumwaga hata tone. Ikavimba, ikawa rangi moja kutoka ukingo mpaka ukingo.

"Haya, wifi," Stamili alisema. "Ramani imefutika."

Hakuna aliyegonga kopo tena. Alifunga nguo zake na za Rahima kwenye kanga moja, akaenda kumpigia bibi goti.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Unakwenda wapi, mwanangu?"

"Kwetu. Mimi kwetu ninako."

Mjomba alicheka kidogo. "Mwacheni, atarudi. Godoro lake si hili hapa?"

Stamili alimshika Rahima mkono, akapita katikati ya watoto, akafuata njia ya barabara ya Masasi. Mama mdogo alimzomea mpaka kwenye mikorosho ya mwisho. Hakugeuka.

Godoro lilikaa uani, juu likionekana kavu, ukilikanyaga linatema maji meusi yanayonuka. Mjomba akalalia mkeka. Asubuhi moja mkeka ule nao tuliukuta umeanikwa kwenye ua wa mianzi, katikati mbichi. Mama mdogo aliutazama, akapita na ndoo yake bila kuuliza ni nchi gani.

Lori la Masasi likipita, mjomba alikuwa anatoka dukani kuangalia nani anashuka. Stamili hakushuka.